Jando Ambalo Nyanda za Juu Kusini Hazikuwa Nalo

Mwishoni mwa mwaka 2027 watoto wa darasa la sita na wenzao wa darasa la saba watamaliza elimu ya msingi kwa pamoja, na Januari 2028 wote wataingia kidato cha kwanza. Hayo ni matokeo ya Sera ya Elimu na Mafunzo ya mwaka 2014, toleo la 2023, iliyopunguza elimu ya msingi kutoka miaka saba hadi sita na kuifanya miaka kumi ya shule kuwa ya lazima kwa kila mtoto. Hapa Mbeya, na hata ninapopita Iringa na Njombe, karibu mazungumzo yote ninayoyasikia kuhusu mwaka huo ni ya matofali, mabati, madawati na upungufu wa walimu wa hisabati. Ni mazungumzo ya haki, na anayeyaanzisha halaumiwi. Hata hivyo yanaacha kando hesabu moja nyepesi: mtoto anayeanza darasa la kwanza akiwa na miaka 6 atafika sekondari akiwa na miaka 12. Ataingia akiwa ndiyo kwanza anabalehe, katika shule ambayo mara nyingi iko mbali na kwao, na wengi watalala bwenini au katika vyumba vya kupanga vile tunavyoviita mageto. Kila ninapolitaja jambo hili hujibiwa kwamba habari za balehe na uzazi ni kazi ya wazazi, na kama wazazi wameshindwa basi turudishe jando na unyago. Nakusudia kuonyesha kwamba jibu hilo limesimama juu ya historia ambayo kwa sehemu kubwa si ya kwetu. Huku Nyanda za Juu Kusini makabila mengi hayakuwa na jando, mzazi hakuwa mwalimu wa mambo haya, na yaliyofundishwa yalifundishwa ndoa ikiwa mlangoni. Kilichobadilika ni urefu wa kipindi kati ya kubalehe na kuoa au kuolewa. Kipindi hicho hakijapata mwalimu mpaka leo, na mwalimu wake hawezi kuwa mwingine ila shule, ikisaidiwa na zahanati na madhehebu ya dini, kuanzia darasa la nne.

Tuanze Unyakyusa, kwa sababu huko kumbukumbu zimeandikwa vizuri. Wanaanthropolojia Godfrey na Monica Wilson waliishi na kufanya utafiti huko kati ya mwaka 1934 na 1938, na walichokikuta kiliwashangaza wasomaji wao duniani kote. Mvulana alipofika miaka kama 10 au 11 alitoka nyumbani kwa baba yake, akaenda kujenga kibanda pamoja na wenzake wa rika, na vibanda hivyo vikawa kijiji chao, ikipanga. Walikula kwa mama zao wakizunguka kikundi kwa kikundi, waliendelea kulima mashamba ya baba zao, lakini usiku walilala kwao. Sababu iliyotolewa na wazee ilikuwa ya heshima: haikufaa kijana anayekua awe karibu na malazi ya wazazi wake. Maana yake ni kwamba mpangilio mzima wa makazi ulikusudiwa kumwondoa mtoto karibu na maisha ya faragha ya baba na mama, na kwa hiyo mazungumzo ya mwili kati ya baba na mwana hayakuwa na nafasi hata kidogo. Kijana alijifunza kwa ukwangala, yaani kukaa, kula na kuzungumza na wa rika lake, na Wanyakyusa waliamini kwa dhati kwamba akili za mtu hupatikana humo. Leo mashirika yanapozungumzia elimu rika, baadhi yetu hudhani ni jambo lililotoka Ulaya. Babu zetu wa Rungwe na Kyela waliijengea kijiji kizima.

Kwa wasichana mambo yalikwenda kwa kasi nyingine kabisa. Binti wa Kinyakyusa mara nyingi alikuwa amekwisha kuchumbiwa kabla hajavunja ungo, na alipovunja ungo aliingizwa katika mila ambayo ilikuwa ya kubalehe na ya ndoa kwa wakati mmoja. Aliwekwa ndani pamoja na marafiki zake, wanawake wakubwa wakamfundisha, kisha akapelekwa kwa mume. Tangu siku alipoona damu kwa mara ya kwanza hadi siku alipoanza kuitwa mke wa mtu, kipindi kilihesabika kwa miezi. Wavulana ndio waliongoja kwa miaka mingi, kwa sababu ng'ombe wa mahari walikuwa mikononi mwa baba. Kwingineko, kwa Wahehe, Wabena, Wakinga, Wasafwa na Wandali, mila zilitofautiana, nami sitaki kuzifunga zote katika kapu moja. Lakini muulize mzee yeyote wa Iringa au Njombe nani alimweleza habari za mwezini, atakutajia bibi au shangazi. Kumtaja mama kungekuwa aibu. Kwa hiyo mtu anayesema leo kwamba tuwarudishie wazazi kazi yao anawarudishia kazi ambayo haikuwahi kuwa yao, kisha anawalaumu kwa kutoijua.

Kuhusu jando, ukweli ni mkali zaidi. Nyanda za Juu Kusini zilihesabiwa miongoni mwa maeneo ya nchi ambako wanaume wengi hawakutahiriwa. Mwaka 2007 Shirika la Afya Duniani lilipendekeza tohara kama kinga ya ziada dhidi ya Virusi vya Ukimwi, baada ya majaribio ya Afrika Kusini, Kenya na Uganda kuonyesha kwamba inapunguza uwezekano wa mwanamume kuambukizwa na mwanamke kwa takriban asilimia 60. Ndipo, kuanzia mwaka 2009 na 2010, Iringa, ambayo wakati huo ilijumuisha Njombe, ikawa kati ya mikoa ya kwanza ya kampeni ya tohara ya hiari. Wengi tunakumbuka mabango ya kuwataka wanaume wadondoshe mkono wa sweta, yaani govi, na tunakumbuka jinsi mahema yalivyojaa Juni na Julai, watu wakiamini kidonda hupona vizuri wakati wa baridi. Waliojaa zaidi hawakuwa watu wazima waliolengwa mwanzoni. Walikuwa wavulana wa shule za msingi na sekondari. Hilo ndilo jando la kwetu: lilikuja na gari la hospitali, likiwa na mkasi, ganzi, ushauri mfupi kabla ya upasuaji na maelekezo ya kusafisha kidonda. Silidharau, kwa kuwa limeokoa maisha. Ninachosema ni kwamba maelfu ya wavulana walipita mikononi mwa wataalamu wa afya katika umri ule ule wa kubalehe, na nafasi ya kuwaeleza kwa utulivu habari za miili yao, za ndoto nyevu, za kumheshimu msichana na za kusubiri ilipita kwa dakika chache kwenye foleni.

Kulikuwa na taasisi nyingine iliyoingia katikati, na ajabu ni kwamba watetezi wa mila huisahau. Wamisionari wa Kimoravian na wa Kilutheri wa Berlin walifika Unyakyusa mwaka 1891, na Wakatoliki walikuwa Tosamaganga kabla karne hiyo haijaisha. Walizipiga vita mila za wasichana kwa kuziona za kipagani, na mahali pake wakaweka mafundisho ya dini. Matokeo yake ni kwamba kwa familia nyingi za Mbeya, Iringa na Njombe, hatua inayomtoa mtoto utotoni ni kipaimara. Huko kwa Walutheri mtoto huhudhuria mafundisho kwa miaka miwili hivi, akiwa na miaka kati ya 12 na 14, mara nyingi Jumamosi, chini ya mwinjilisti au parishi weka, yaani mhudumu wa usharika. Sijui darasa jingine lolote linalokutana na mtoto wa umri huo kwa muda mrefu hivyo, kwa ridhaa kamili ya wazazi. Katika darasa hilo amri ya usizini husomwa, huelezwa na kukaririwa. Kinachokatazwa chenyewe ni nini, mwili unaokatazwa unafanyaje kazi, na binti afanye nini mtu mzima anapomlazimisha, hayo hayasemwi. Nimewahi kuyazungumza na wainjilisti wawili kwa nyakati tofauti, na wote walinijibu kwa unyofu kwamba hawakatai kufundisha, ila hawajawahi kufundishwa namna ya kufundisha.

Serikali nayo ilichukua muda mrefu kabla ya kuigusa mada hii. Chama kinachojulikana sasa kama UMATI kilianza mwaka 1959, lakini kazi yake ilikuwa uzazi wa mpango kwa watu wa ndoa. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 ilimruhusu msichana kuolewa akiwa na miaka 15 kwa idhini ya mzazi, na hata 14 kwa ruhusa ya mahakama. Sheria hiyo bado ilibeba ndani yake hesabu za zamani, za binti anayepita kutoka utotoni hadi ndoani bila ujana katikati. Mwaka 2016 Mahakama Kuu, katika shauri lililofunguliwa na Rebeca Gyumi, ilitamka kwamba vifungu hivyo vinakiuka Katiba, na Mahakama ya Rufani ikathibitisha hukumu hiyo Oktoba 2019. Mahakama hizo zilifanya jambo kubwa kuliko kubadili tarakimu. Zilitambua kwamba kuna kipindi cha maisha ya msichana, kati ya kuvunja ungo na miaka 18, ambacho ni mali yake na ya masomo yake. Shule zenyewe hazijakitambua kipindi hicho kwa kiwango hicho hicho.

Kabla ya hukumu hizo ulikuja Ukimwi, ambao ndio ulioingiza habari za ngono darasani, na uliziingiza kwa mlango wa makaburi. Wagonjwa wa kwanza nchini walitambuliwa Kagera mwaka 1983, na haikuchukua muda mrefu ugonjwa ukaifuata barabara kuu ya Zambia, Makambako, Mbeya na Tunduma, kila palipokuwa na maegesho ya malori na nyumba za wageni. Mwaka 1988 mkoa wa Mbeya ulianza mpango wa udhibiti wa Ukimwi kwa msaada wa Wajerumani, uliopima damu za wajawazito kwa siri ya majina, ukatibu magonjwa ya zinaa, ukasambaza kondomu na kuingia mashuleni. Miongoni mwa wajawazito wa miaka 15 hadi 24 waliopimwa katika kliniki za mkoa huo, maambukizi yalishuka kutoka karibu asilimia 20 katikati ya miaka ya 1990 hadi karibu asilimia 15 ilipofika mwaka 2000. Huo ulikuwa ushindi, na uligharimu kazi ya watu wengi. Hata hivyo kizazi chetu kilichokulia katika miaka hiyo kilijifunza kifo kwanza, mwili baadaye. Tulijua njia za kuambukizwa kwa moyo kama tulivyojua meza ya kuzidisha. Msichana aliyekaa dawati la mbele yangu alipoona damu kwenye sketi yake alidhani ni ugonjwa, akalia mpaka akapelekwa nyumbani.

Ilikuwa darasa la sita, katika shule moja ya Rungwe. Mwalimu wetu wa Sayansi alikuwa hodari, tena mpole, na mpaka leo namheshimu. Alipofika kwenye mfumo wa uzazi alichora ubaoni mchoro mmoja, akaandika majina ya sehemu zake, akasema, "Nakilini," kisha akatoka nje akasimama chini ya mparachichi hadi kengele ilipogongwa. Kipindi kilichofuata tulianza sura ya umeme. Simtaji ili kumshtaki. Namtaja kwa sababu tangu wakati huo mihtasari imebadilishwa zaidi ya mara moja, stadi za maisha zimeingizwa, maneno balehe na afya ya uzazi yamechapishwa vitabuni, lakini mada hii haijawahi kuwa somo linalojitegemea. Imetawanywa kidogo Sayansi, kidogo Uraia na Maadili, kidogo Biolojia, na kitu kilichotawanywa hivyo ni rahisi mwalimu kukiruka bila mtu yeyote kugundua.

Wakati mwalimu anakiruka, mwili haungoji. Naomba msomaji wa Dar es Salaam au Dodoma anifuate hadi Makete mwezi wa Julai. Ukungu unashuka saa kumi jioni na hauondoki mpaka saa tatu asubuhi, na siku nyingine hauondoki kabisa. Binti wa miaka 13 anatumia kipande cha khanga kilichochanika, kilichokunjwa mara nne. Anakifua usiku kwa maji ya baridi, na kwa kuwa hakitakiwi kuonekana na baba wala kaka, hakianikwi nje kwenye kamba. Anakianika chini ya godoro au nyuma ya sanduku. Kwa hali ya hewa ile nguo nzito huchukua siku mbili au tatu kukauka hata ikiwa juani, sembuse uvunguni. Asubuhi anakivaa kibichi, anatembea hadi shuleni, anakaa kwa muda wa saa nane bila kunyanyuka mbele ya wavulana. Serikali iliondoa kodi ya ongezeko la thamani kwenye taulo za kike mwaka 2018, kisha ikairudisha mwaka 2019 kwa hoja kwamba bei hazikushuka madukani. Mjadala ule ulikuwa wa bei tu. Binti wa Makete alihitaji pia mtu wa kumwambia kwamba nguo ya hedhi huanikwa juani, na mtu wa kumwambia baba yake kwamba kuiona kambani si mkosi.

Sasa niziangalie hoja za wanaopinga, kwa sababu baadhi yao nawajua, ni watu wa nia njema. Hoja inayosikika zaidi ndiyo dhaifu kuliko zote: kwamba kumfundisha mtoto habari hizi ni kuamsha yaliyolala. Ingekuwa kweli, watoto waliofundishwa wangeanza ngono mapema kuliko wasiofundishwa, na hilo limechunguzwa katika nchi nyingi. Mwongozo wa kimataifa wa UNESCO uliorekebishwa mwaka 2018, baada ya kukusanya tafiti nyingi, ulifikia hitimisho kwamba elimu hii haiongezi ngono wala tabia hatarishi. Tuna ushahidi wa nyumbani pia. Mradi wa MEMA kwa Vijana mkoani Mwanza ulifundisha watoto wa darasa la tano hadi la saba tangu mwishoni mwa miaka ya 1990 katika nusu ya jamii 20 zilizochaguliwa, na jamii zilizobaki zikatumika kwa kulinganisha. Waliofundishwa hawakuharibika. Kisha kuna ushahidi wa jirani zetu. Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2022 ulikuta kwamba asilimia 22 ya wasichana wa miaka 15 hadi 19 nchini walikuwa wamewahi kupata mimba. Songwe, mkoa uliomegwa kutoka Mbeya mwaka 2016, ilikuwa na asilimia 45, ya juu kuliko mikoa yote. Anayeamini kwamba maarifa ndiyo yanayoamsha atueleze ni darasa gani la Mbozi, Momba au Ileje lililowafundisha mabinti hao kupita kiasi.

Hoja ya pili, kwamba haya ni mambo ya wafadhili, ina uzito zaidi, na sitaikwepa. Ni kweli kwamba sehemu kubwa ya kazi hii imefanywa kwa fedha za nje, kwa lugha ya miradi, na kwa vijitabu vilivyoletwa vikiwa vimekamilika. Ni kweli pia kwamba Januari 2025, Marekani iliposimamisha misaada yake ya nje, shughuli nyingi za kuwahudumia vijana na watu wenye Virusi vya Ukimwi zilitikisika ghafla. Wengine waliona hilo kama uthibitisho kwamba elimu hii ilikuwa ya kigeni. Mimi naona kinyume chake. Vidudu havikusimama pamoja na fedha. Njombe ilikuwa na maambukizi ya asilimia 12.7 kwa watu wazima katika utafiti wa 2022-23, wakati wastani wa taifa ulikuwa asilimia 4.4. Mkoa wenye hali hiyo hauwezi kuiita afya ya vijana wake ajenda ya mtu mwingine. Kinachofuata katika hoja ya ugeni ni kwamba tuichukue kazi hiyo, tuiweke katika mtaala wetu na bajeti zetu, tuiseme kwa maneno yetu. Maneno tunayo: kuvunja ungo, kubalehe, kupevuka, mwezini. Hayakuletwa na mradi wowote.

Hoja ya tatu inahusu walimu, na hapa wapinzani wana haki ya kusikilizwa hadi mwisho. Wazazi wanauliza watawezaje kumkabidhi binti yao wa miaka 12 kwa mwalimu wa kiume azungumze naye habari hizi, wakati baadhi ya walimu ndio wanaowapa wanafunzi mimba. Swali hilo halijibiwi kwa kusema kwamba walimu wengi ni waadilifu, ingawa ni kweli. Tangu mwaka 2016 sheria inaweka kifungo cha miaka 30 kwa anayempa mimba mwanafunzi, na bado kesi nyingi humalizwa kimyakimya kati ya familia mbili, kwa ng'ombe au fedha, kabla hazijafika polisi. Lakini tutazame ukimya unamlinda nani. Binti asiyejua jina la kiungo chake hawezi kutoa maelezo yanayosimama mahakamani. Binti aliyefundishwa kwamba mambo haya hayasemwi atamtii hasa yule anayemwambia asiseme. Elimu yenyewe ni sehemu ya ulinzi, mradi itolewe mbele ya darasa zima, kwa ratiba inayojulikana na wazazi, na mwalimu wa kike awepo kwa wasichana. Faraghani ndiko kwenye hatari.

Hoja nzito kuliko zote haitolewi na wapinzani. Inatolewa na watafiti, na watetezi wa elimu hii huipita haraka. Ni kwamba maarifa peke yake hayatoshi. Mradi ule wa Mwanza, nilioutumia hapo juu kama ushahidi, ulipopimwa haukuonyesha kupungua kwa uhakika kwa maambukizi wala mimba. Vijana walijua zaidi na kusema vizuri zaidi, na miaka kadhaa baadaye walikuwa bado wanakumbuka, lakini damu zao hazikutofautiana na za wenzao. Matokeo hayo yanauma, na lazima yasomwe kwa uaminifu. Mimi nayasoma hivi: msichana wa kijijini anayejua kila kitu, lakini analala geto asilo na kufuli, anadaiwa kodi ya chumba, na anapewa lifti na chipsi na mtu mwenye pikipiki, amefundishwa hatari bila kupewa njia ya kuikwepa. Ndiyo maana nauthamini mpango wa Ujana Salama, uliofanywa kupitia TASAF, mfuko wa serikali unaosaidia kaya maskini, katika vijiji vya Mufindi, Mafinga, Rungwe na Busokelo. Mpango wenyewe uliwachukua vijana wa miaka 14 hadi 19 kutoka kaya zilizokuwa zikipokea ruzuku, ukawafundisha afya ya uzazi pamoja na ujasiriamali, ukawapa walezi wa karibu na mtaji mdogo, na ukawaunganisha na vituo vya afya. Huo ulikuwa mpango uliojua kwamba mtu hakatai kwa akili tu, hukataa pia kwa kuwa na nauli yake mfukoni.

Mabinti wa Iringa na Njombe wanalijua hili kuliko mwandishi yeyote. Kwa miaka mingi, matokeo ya darasa la saba yakishatoka, waliokosa nafasi au ada wamepanda mabasi kwenda Dar es Salaam kufanya kazi za ndani. Binti wa miaka 14 anafika nyumba ya watu asiowajua, analala sebuleni au jikoni, hana simu wala ndugu wa karibu, na mwaka mmoja baadaye baadhi yao hurudi na mimba. Miaka kumi ya elimu ya lazima, ikitekelezwa kweli, itaifunga njia hiyo kwa wengi, na hii ni faida ya sera mpya ambayo sijasikia ikitajwa inavyostahili. Lakini itaifunga kwa kuwahamishia mabinti hao katika shule za kata, na kwa wale wanaoishi mbali, katika mageto. Ikiwa geto litakuwa na hatari zile zile za sebule ya Dar es Salaam, tutakuwa tumebadilisha anwani tu.

Kwa hiyo mpangilio wa umri ndio kiini. Chini ya mfumo wa miaka saba, mwalimu aliyeahirisha mada hii hadi darasa la saba bado aliwapata watoto wakiwa nyumbani kwao, wakiwa na miaka 13 au 14, ingawa kwa wasichana wengi alikuwa amechelewa. Katika mfumo mpya hakuna darasa la saba la kuahirishia. Dalili za balehe kwa wasichana huanza wakati wowote kati ya miaka 8 na 13, kwa wavulana kati ya 9 na 14. Mtoto wa darasa la nne ana miaka 9 au 10, naye ndiye anayepaswa kuambiwa mapema, kwa maneno machache yaliyo wazi, kitakachotokea mwilini mwake. Wizara ya Afya imekwisha kuukubali umri huo kwa vitendo. Aprili 2024 ilianza kuwachanja kwa dozi moja wasichana wote wa miaka 9 hadi 14 dhidi ya kirusi kinachosababisha saratani ya mlango wa kizazi. Kirusi hicho huenezwa kwa kujamiiana, na chanjo hutolewa mapema ili ikitangulie. Sababu hiyo haikuelezwa kwa uwazi katika shule nyingi, na pengo hilo lilijazwa na uvumi kwamba sindano inaua uzazi. Ukimya uliodhaniwa kumlinda mtoto karibu umnyime chanjo.

Halmashauri zetu, kuanzia Ileje hadi Mufindi, zitaandaa bajeti za mwaka wa fedha 2027/28 zikijua kwamba Januari itakayoangukia katikati ya mwaka huo ndiyo ya mikondo miwili. Pamoja na madarasa, bajeti hizo zinaweza kubeba matroni na patroni waliopata mafunzo kwa kila shule ya sekondari, chumba chenye maji, kufuli na kichomea taka, kamba ya kuanikia nguo iliyo juani na isiyo ya aibu, ukaguzi wa mageto unaofanywa na ofisi ya kata, na siku mbili za muuguzi wa zahanati kila muhula katika darasa la nne, la tano na la sita. Dayosisi na majimbo ya makanisa yanaweza kuwaomba wauguzi hao hao wakutane na wainjilisti wao, kwa kuwa darasa la kipaimara lipo tayari na haligharimu ujenzi. Wasichana waliochanjwa Aprili 2024 wakiwa na miaka 9 walikuwa darasa la tatu au la nne. Hao hao ndio watakaoshuka kwenye mabasi na bodaboda na masanduku yao Januari 2028. Maelezo ya ile sindano ilikuwa ya nini, wengi wao bado hawajapewa, na muda wa kuyatoa wakiwa katika shule iliyo karibu na nyumbani unaishia Desemba 2027.